Msiniambie "Filamu ya Herzog"

Niseme mapema ili tusipotezeane muda: hakuna kitu kinachoitwa filamu ya Werner Herzog. Zipo filamu alizoziongoza Herzog. Mtu mwingine alizipiga, watu wengine walizicheza, na mtu mwingine tena alikaa nazo mezani wiki baada ya wiki, akakata, akaunga, akatupa, akarudisha, mpaka zikawa filamu. Kuanzia Lebenszeichen ya 1968 hadi Wo die grünen Ameisen träumen ya 1984, huyo wa mezani katika filamu zake zote kubwa alikuwa Beate Mainka-Jellinghaus, mhariri wa filamu wa Kijerumani. Kama umemaliza shahada yako ya kwanza, umeshiriki mijadala ya sinema hadi usiku wa manane, na bado hujawahi kulisikia jina hilo, si kosa lako. Ukishamaliza kusoma makala haya, litakuwa kosa lako.

Tuanze na hesabu, maana mashabiki wa waongozaji hupenda tuzo. Lebenszeichen ilipata Dubu wa Fedha Berlin mwaka 1968. Jeder für sich und Gott gegen alle, ile inayomhusu Kaspar Hauser, ilipata Tuzo Kuu ya Jopo la Majaji Cannes mwaka 1975. Fitzcarraldo, ile ya meli inayovutwa kupanda mlima, ilimpa Herzog tuzo ya mwongozaji bora Cannes mwaka 1982. Sasa tumweke Herzog pembeni. Abschied von gestern ya Alexander Kluge ilitunukiwa Simba wa Fedha Venice mwaka 1966. Miaka miwili baadaye Kluge alirudi Venice na Die Artisten in der Zirkuskuppel: ratlos, akaondoka na Simba wa Dhahabu mwenyewe. Filamu zote tano zilikatwa na mkono mmoja. Tamasha tatu kubwa kuliko zote za Ulaya zilipigia makofi kazi ya mtu mmoja kwa miaka 16, na katika picha za waliobeba tuzo wanaonekana wanaume wawili.

Mtu akiwa na rekodi ya namna hiyo katika kandanda, angekuwa na sanamu nje ya uwanja. Katika sinema ana tanbihi.

Tusidhani jambo hili lilijitokea tu. Lina historia, na historia yake ina tarehe. Wafaransa wa jarida la Cahiers du cinéma, katika miaka ya 1950, walisimamisha hoja kwamba filamu ina mwandishi mmoja, naye ni mwongozaji. Hoja hiyo ilikuwa na kazi ya maana wakati ule: iliwanyang'anya matajiri wa studio haki ya kusema kwamba filamu ni bidhaa yao kama sabuni. Wajerumani wakaipokea. Tarehe 28 Februari 1962, mjini Oberhausen, watengeneza filamu 26 walitia saini tamko la kuizika sinema ya baba zao na kutangaza kuzaliwa kwa mpya. Kluge alikuwa miongoni mwao. Wote 26 walikuwa wanaume. Kutokana na moto huo likaota neno ambalo Wajerumani wanalitumia hadi leo, Autorenfilm, filamu ya mwandishi, na neno hilo likafanya kile ambacho hati ya kiwanja hufanya: likasema nani ni mwenye mali na nani ni kibarua.

Hapo ndipo ninapowakatalia. Silaha iliyoundwa kumpiga tajiri ikageuzwa na kumpiga mfanyakazi mwenza. Mwongozaji aliyepigana asiporwe jina lake na studio alikubali kimya kimya kwamba mwanamke wa mezani hahitaji jina. Wakati mwanamapinduzi anahutubia barazani, kuna mtu anamwandikia hotuba jikoni, na mapinduzi yake hayafiki jikoni.

Najua nitajibiwa kwamba Herzog hajamficha. Ni kweli, na ndiyo maana kesi hii inanivutia kuliko ile ya mwizi wa kawaida. Herzog amemtaja mara nyingi katika mahojiano, tena kwa sifa. Amesimulia jinsi alivyompelekea picha za Lebenszeichen. Rili ya kwanza ilikuwa imezungushwa kinyumenyume. Mainka-Jellinghaus hakuigeuza. Aliipitisha mezani ikirudi nyuma kwa kasi kubwa, picha zikikimbia kama mvua ya upepo, kisha akaitupa akisema ni mbovu mno, haigusi tena. Kijana yule alipigwa na butwaa. Wiki chache baadaye, alipoitazama rili ile pamoja na picha nyingine, akaona kwamba mama yule alikuwa sahihi. Amesimulia vilevile kwamba mhariri wake alikuwa akilalamika filamu hadi filamu, akiziona ni mbaya na za aibu, hata akakataa kwenda kwenye maonyesho yake ya kwanza, isipokuwa Auch Zwerge haben klein angefangen, ambayo aliipenda.

Ni hadithi tamu. Nimewahi kuiona ukumbi mzima ukiicheka. Lakini hebu tuisikilize tena na tuangalie nani yuko wapi ndani yake. Yeye ni shangazi mnunaji. Herzog ni kijana mwenye subira anayemvumilia shangazi mnunaji kwa sababu ana moyo mkubwa. Sifa inatolewa kwa ukarimu, na mwisho wa yote inamrudia mtoaji. Tunatoka pale tukimpenda zaidi Herzog.

Hadithi hiyohiyo ina jambo jingine ndani yake, ambalo kicheko kinalifunika. Mtu anaangalia picha zinazokimbia kinyumenyume, hazina sauti, hazina mpangilio wa matukio, hazina hata maana ya kibinadamu, kwa sababu katika picha za kinyumenyume watu hutembea kwa visigino. Bado anajua kama kuna uhai humo au hakuna. Hicho si kipaji cha kushika mashine. Ni jicho linalosoma mwendo, mwanga na uzito wa picha kabla ya kusoma kisa. Na uamuzi wake wa kutupa rili ile ulikuwa uandishi kamili. Kila kilichokuwa ndani ya rili ile kingeweza kuitwa Herzog leo. Hakiitwi, kwa sababu mwanamke mmoja alisema hapana. Nusu ya mtindo wa msanii ni vile vitu ambavyo hakuvifanya, na katika kesi hii wa kukataa alikuwa mtu mwingine.

Kwa wale wasiowahi kuona kazi hii inavyofanyika, ngoja niieleze kidogo, maana udhaifu wa mijadala yetu unaanzia hapo. Wakati ule hapakuwa na kompyuta. Kulikuwa na meza za kuhariri, maarufu zaidi zikiwa za Steenbeck za Hamburg: sahani za kuzungusha picha, sahani za kuzungusha sauti, kioo kidogo katikati. Filamu ni utepe, na sekunde moja ina fremu 24. Ukitaka kukata, unakata kweli, kwa chuma, halafu unaunga kwa utepe wa gundi. Vipande ulivyovitoa unavitundika au kuvipanga mahali utakapovipata tena, na unapaswa kukumbuka kila kimoja. Mhariri wa filamu ndefu hubeba kichwani saa nyingi za picha, anajua katika jaribio la nne mwigizaji alipepesa jicho mapema na katika la sita alikawia. Kisha anaamua. Fremu sita zikiongezwa, uso unaonekana unafikiri. Zikipunguzwa, uso huohuo unaonekana umekasirika. Mwigizaji hajabadilisha kitu.

Mimi nalipia sehemu ya ada yangu ya uzamili kwa kuhariri video za harusi na sendoff, kwa hiyo ninachokisema sikukipata vitabuni tu. Mpiga picha ananiletea saa tisa za picha, familia inataka saa moja na nusu. Mwaka jana mama mkubwa wa bwana harusi mmoja alipiga simu kwa hasira kuuliza kwa nini mashemeji wanaonekana wakitunza mara tatu na yeye mara moja. Hakumpigia mpiga picha. Hakumpigia mshereheshaji. Alinipigia mimi, kwa sababu alijua kitu ambacho wahakiki wenye shahada za uzamivu hawataki kukijua: shughuli ilifanyika ukumbini, lakini kumbukumbu ya shughuli inatengenezwa na aliyeketi mbele ya kioo. Huyo mama hajasoma nadharia ya filamu hata ukurasa mmoja, na anastahili kiti katika jopo lolote.

Sasa tuchukue mfano kutoka kwenye kazi ya Mainka-Jellinghaus. Mwisho wa Stroszek ya 1977 unafahamika kwa kila aliyeiona. Bruno, Mjerumani aliyehamia Marekani kutafuta maisha na kukuta deni, anafikia mwisho wake, na filamu inahamia kwa kuku. Kuku yumo ndani ya kisanduku cha maonyesho. Ukitia sarafu, muziki unaanza na kuku anacheza. Anacheza. Anaendelea kucheza. Tunangoja picha iondoke kama ambavyo picha huondoka ikishatueleza, lakini haiondoki. Mwanzoni unacheka. Halafu unaona aibu kwa kucheka. Halafu unaanza kufikiri kuhusu sarafu, na nani anazitia, na kwamba yule kuku hana njia ya kujua muziki utakoma lini.

Wahakiki wameandika sana kuhusu kuku huyo kama wazo la Herzog. Sawa, wazo ni lake, kuku alimtafuta yeye. Lakini wazo la kuku ni sentensi moja. Kinachotuumiza si wazo, ni muda. Aibu ile inazaliwa mahali ambapo mhariri mwingine yeyote mwenye akili timamu angekata, na huyu hakukata. Muda hauwezi kuandikwa kwenye muswada wala kupigwa na kamera. Unapatikana mezani tu, kwa kujaribu, na mezani alikuwa amekaa Mainka-Jellinghaus.

Kuna msemo unaorudiwa katika kila warsha ya filamu: mhariri bora ni yule asiyeonekana. Nauchukia msemo huu. Hakuna anayesema mwongozaji bora ni yule asiyeonekana, wala mshairi bora ni yule ambaye hujui kama ameandika. Hiyo ni sifa ya mtumishi wa nyumbani, anayesifiwa kwa kupita sebuleni bila kukanyaga kwa sauti. Na kazi ya Mainka-Jellinghaus inaubomoa msemo wenyewe. Tazama Abschied von gestern. Anita G., msichana wa Kiyahudi aliyetoka Ujerumani Mashariki, anahangaika na sanduku lake Magharibi, na filamu inakatwakatwa makusudi: maandishi yanaingia katikati ya tukio, picha za zamani zinajitokeza, mazungumzo yanaachwa njiani. Kila mkato unaonekana, unataka uonekane. Kluge ameeleza kwa miaka mingi kwamba filamu hutengenezwa kichwani mwa mtazamaji, katika nafasi iliyopo kati ya picha mbili. Vizuri sana. Nafasi iliyopo kati ya picha mbili ina jina la kikazi. Inaitwa mkato. Mtu anayejenga nadharia yake yote juu ya mkato amejenga juu ya kazi ya mhariri.

Sasa linganisha. Kwa Kluge, mikato mingi, mikali, yenye kejeli. Kwa Herzog, katika Aguirre, der Zorn Gottes ya 1972, tunaona msafara ukishuka mlima wa Peru kwenye ukungu na tunaachwa tuutazame hadi tunachoka pamoja nao. Mkono ni mmoja. Mpinzani wangu atarukia hapo: kama mtu mmoja anaweza kukata kwa namna mbili zilizo mbali hivyo, basi hana mtindo, anafuata amri ya bosi aliyepo. Hoja hii inaonekana ina nguvu, kwa hiyo niijibu taratibu.

Kwanza, hatuitumii kwa mtu mwingine yeyote. Mwigizaji akicheza mfalme leo na ombaomba kesho, tunamwita mkubwa. Mwanamuziki akipiga taarabu na dansi, tunamwita fundi. Mhariri tu ndiye ambaye upana wake unahesabiwa kuwa ushahidi dhidi yake. Pili, ukizitazama kwa makini filamu za wote wawili utaona kitu kinachofanana chini ya tofauti: hazikubali mkato wa kukubembeleza. Sinema ya kawaida hukata ili usichoke na usijiulize. Filamu hizi, iwe kwa mkato mkali au kwa kukataa kukata, zinakuacha peke yako na picha. Hicho ni kitu kimoja kilichovaa nguo mbili. Siwezi kuthibitisha kwamba kilitoka kwake peke yake, na sihitaji. Anayedai kwamba kilitoka kwa Kluge na Herzog peke yao ndiye anayedaiwa ushahidi, na hajawahi kuutoa kwa sababu hajawahi kuulizwa.

Hoja ya pili ya wapinzani ni kwamba mwongozaji ndiye mwenye neno la mwisho. Ndiyo, analo. Neno la mwisho si neno pekee. Jaji mkuu ana neno la mwisho, na bado mawakili hutajwa kwenye hukumu. Tena waongozaji wenyewe wanajua thamani ya mkasi. Rainer Werner Fassbinder aliposhiriki kuhariri baadhi ya filamu zake alijipa jina la pili kwa kazi hiyo, Franz Walsch, likaandikwa kwenye orodha ya watengenezaji. Bwana mkubwa akishika mkasi, mkasi unastahili jina, hata la kubuni. Wanawake waliokata filamu zake, Thea Eymèsz na baadaye Juliane Lorenz, walikuwa na majina halisi tangu siku ya ubatizo, na tunayasahau.

Na kuna ushahidi ninaoupenda kuliko wote. Mwaka 1978 ilitoka Deutschland im Herbst, filamu iliyotengenezwa kwa pamoja na kundi la wasanii kuhusu majira ya vuli ya 1977, yale ya utekaji nyara na vifo vilivyoitikisa Ujerumani Magharibi. Katika orodha ya waongozaji wa filamu hiyo, pamoja na Kluge, Fassbinder, Edgar Reitz na Volker Schlöndorff, limo jina la Beate Mainka-Jellinghaus. Ilitosha kibao cha mwenye nyumba kiondolewe mlangoni, na mara ikaonekana kwamba ndani walikuwa wanaishi watu wengi. Hakujifunza kuwa mwandishi mwaka huo. Waliobadilika ni walioandika orodha.

Nimefika kwenye sehemu ambayo marafiki zangu wanaoniunga mkono hawaipendi. Kama jina ni haki, basi ni deni pia. Hatuwezi kudai mhariri atajwe kwenye tuzo na kufichwa kwenye lawama.

Mwishoni mwa miaka ya 1960 Herzog alikuja huku kwetu. Alitengeneza Die fliegenden Ärzte von Ostafrika, filamu fupi ya televisheni kuhusu madaktari waliokuwa wakiruka kwa ndege ndogo kutoka Nairobi kwenda vijijini, kazi ya shirika ambalo leo linaitwa Amref Health Africa. Mpiga picha alikuwa Thomas Mauch. Mhariri alikuwa Mainka-Jellinghaus. Ni filamu ya heshima kwa sehemu kubwa, inawaonyesha madaktari wakifanya kazi ngumu. Lakini kipande chake kinachokumbukwa ni kile cha mabango. Wanakijiji wanaonyeshwa mabango machache ya elimu ya afya, moja limegeuzwa juu chini, wanatakiwa kulitambua. Baadhi yao wanashindwa. Tunaelezwa kwa Kijerumani kwamba watu hawa wanaona kwa namna nyingine. Kuna pia Wamasai wanaosita kupanda ngazi chache za gari la kliniki. Herzog amekisimulia kisa cha mabango miaka mingi baadaye kama fundisho kuhusu macho ya binadamu.

Mimi nilikitazama kama mtu ambaye babu yake angeweza kusimama kwenye mstari ule. Na swali langu halikuwa kama jaribio lilikuwa la haki. Nilikuwa nahesabu mikato. Anayeulizwa anaonyesha bango, picha inaondoka. Anaonyesha, picha inaondoka. Yule anayekosea hapewi muda wa kuwa mtu. Mhariri aliyemwachia kuku wa Stroszek muda wa kutuaibisha alijua vizuri kuliko mtu yeyote Ujerumani nzima nini hutokea ukiuacha uso ubaki kwenye kioo sekunde kumi baada ya jibu. Uso unaanza kukutazama. Unaanza kujiuliza yeye anafikiri nini kuhusu mgeni aliyekuja kutoka mbali kumwonyesha jicho kwenye karatasi. Kwa Bruno tulipewa sekunde hizo. Kwa wazee wetu hatukupewa.

Kwa hiyo simtaji Mainka-Jellinghaus ili nimfanye mtakatifu. Namtaja ili nipate wa kumuuliza. Maadamu tunasema "filamu ya Herzog", swali hilo linaelekezwa kwa mtu mmoja ambaye amekwisha kuwa gwiji, na gwiji hujibu kwa hadithi nyingine nzuri. Tukisema filamu hii iliongozwa na fulani, ikapigwa na fulani, ikakatwa na fulani, ghafla kuna mahali maalumu ambapo uso uliondolewa mapema, na mikono iliyouondoa. Uhakiki unaanzia hapo. Kabla ya hapo ni ushabiki.

Na sisi ndio tulioshindwa jaribio la mabango. Tumewekewa mbele yetu orodha ya majina mwishoni mwa kila filamu, moja limepinduliwa, jina la mmoja limepanda likawa jina la wote, na kwa zaidi ya nusu karne hatujaweza kulionyesha kwa kidole.

Mtasema hili ni suala la Wajerumani na tuwaachie wenyewe. Hapana. Nirgendwo in Afrika, filamu ya Caroline Link iliyopigwa Kenya, ambayo wengi wetu tuliiona kwa sababu ya Owuor aliyechezwa na Sidede Onyulo, ilipata Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni mwaka 2003. Nani alichagua kila mara Owuor anapobaki kwenye kioo na kila mara anapotoka? Patricia Rommel ndiye aliyeihariri, na miaka michache baadaye akahariri Das Leben der Anderen, iliyoshinda tuzo hiyohiyo mwaka 2007. Filamu mbili za Kijerumani zenye Oscar, mhariri mmoja, na katika mijadala yote niliyoisikia kuhusu namna Owuor alivyochorwa, jina lake halikutajwa hata mara moja.

Vyuo vyetu vinashiriki katika hili kwa bidii. Nilipowasilisha pendekezo la tasnifu kuhusu Mainka-Jellinghaus, mjumbe mmoja wa jopo alinishauri nibadilishe, niandike kuhusu Herzog, kwa sababu mhariri "hana dira, ana mashine." Alisema kwa upole, kama anayemwokoa mtoto asiingie barabarani. Nikamwonyesha kwamba hata mtindo wa marejeo tunaolazimishwa kuutumia unaandika jina la mwongozaji mahali ambapo kitabu kingeandikwa jina la mwandishi. Akanijibu kwamba huo ndio utaratibu. Hakika ndio utaratibu. Ndiyo maana naupinga. Ukosefu wa vyanzo kuhusu wahariri unatumiwa kuwa sababu ya kutowaandikia, na kutowaandikia ndiko kunakozaa ukosefu wa vyanzo. Mbwa anafukuza mkia wake, sisi tunaita taaluma.

Basi nadai mambo matatu, na hayahitaji bajeti wala semina ya siku tatu hotelini.

La kwanza, tunapoandika kuhusu filamu yoyote, jina la mhariri liwe katika sentensi ileile yenye jina la mwongozaji, si kwenye mabano mwishoni. La pili, tunapohakiki, tutaje mkato mmoja angalau: nani aliondolewa kwenye kioo, lini, na ingekuwaje angebaki. Mtu asiyeweza kutaja mkato mmoja katika filamu aliyoiandikia kurasa tano ameandika kuhusu kisa tu, na kisa angekipata kwa kusimuliwa. La tatu, tunapowahoji watengenezaji wa filamu wa kwetu, Dar es Salaam, Nairobi, Kampala, tumtafute aliyekaa usiku mbele ya kioo na tumuulize alichokitupa. Tumuulize angali na kumbukumbu, na kabla mwongozaji wake hajageuka kuwa msimulizi mzuri.

Wakiona orodha hii, watasema nataka kuua ushairi wa sinema kwa kuugawa kama shamba la urithi. Shamba limekwisha kugawiwa zamani. Mrithi mmoja alichukua lote, wengine wakaambiwa wao ni wa palizi. Leo usiku, ukimaliza filamu yako, usiifunge majina yanapoanza kupanda. Kaa. Tafuta neno lenye maana ya mhariri kwa lugha yoyote watakayoiandika. Kwa Kijerumani ni Schnitt, yaani mkato. Jina litakalofuata hapo, andika.